Futi Saba Nilizozikata

Filamu huanza kukaguliwa kwa vidole, macho yanafuata baadaye. Unavaa glavu nyembamba ya pamba, unaupitisha mkanda taratibu kati ya kidole gumba na cha shahada, mkono wa pili unazungusha mtambo wa kukunjia, na kingo za mkanda zinakwambia kila kitu: hapa pamechanika, hapa paliungwa na mtu mvivu, hapa matundu ya pembeni yameliwa na meno ya projekta. Kazi hiyo niliifanya miaka ishirini na miwili hapa Washington, katika jumba dogo lililokuwa likionyesha sinema za zamani, na kabla ya hapo miaka tisa Tanga. Nyinyi wajukuu, mnaonijibu Kiingereza kila nikiwauliza kwa Kiswahili, mmeniomba niandike nilikuwa nafanya nini hasa mle chumbani juu. Mmoja wenu alidhani nilikuwa nakata tiketi.

Basi nisikilizeni. Zamani filamu ilikuja ndani ya makopo, imekunjwa kwenye rili tano au sita, kila rili dakika kumi na tano au ishirini. Tulikuwa na projekta mbili. Rili ya kwanza ikikaribia kuisha, kidoa cheusi kinatokea pembeni juu ya picha, kufumba na kufumbua. Ukikiona unawasha mota ya projekta ya pili. Kikitokea cha pili, unahamisha, na watu waliokaa chini hawajui kitu. Mkijua kukitafuta hicho kidoa mtaharibikiwa na sinema maisha yenu yote, kwa hiyo samahani.

Makosa nimefanya mengi. Mwaka wangu wa kwanza niliweka rili ya nne kabla ya ya tatu. Mtu akazikwa, halafu akaja kula chakula na mkewe. Nilijifungia juu nikisubiri kufukuzwa kazi. Ilipokwisha, profesa mmoja akapanda ngazi kunishika mkono, akasema hajapata kuona filamu inayochezea wakati kwa ujasiri namna ile. Nikamshukuru kwa niaba ya mtengenezaji.

Aliyenifundisha kazi ya hapa alikuwa Mzee Clarence, Mmarekani mweusi aliyezaliwa mtaa wa pili kutoka jumbani, mnene, mpole, asiyependa kurudia neno. Tanga nilizoea kukata. Mkanda ukichanika unakata pabovu, unaunga, watu wanaendelea kupiga mluzi. Yeye alinikataza. "Tundu likichanika, litengeneze," alisema. "Ukishindwa kabisa, kata kidogo. Na ulichokata, hata kikiwa fremu mbili, vipicha viwili tu, kitie kwenye bahasha, andika namba ya rili, kirudi na kopo lake."

"Kwa nini, Mzee? Kimeshaharibika."

"Kwa sababu nimesema."

Nilimtii miaka kumi na moja. Alipostaafu akahamia kwa binti yake kusini, bahasha zake nikazirithi, zikakaa kwenye rafu hatua mbili kutoka mezani pangu.

Ilikuwa mwishoni mwa miaka ya tisini. Ijumaa moja mchana ikaletwa filamu ya Kijerumani, ya tangu sinema zilipoanza kusema, ionyeshwe Jumapili. Ni ya kuchekesha, imejaa nyimbo, na mambo yote yanatokea katika kasri. Mfalme kijana hajui kucheza dansi, na karamu inakuja ambayo lazima aifungue kwa kumshika mkono binti wa mfalme wa jirani. Walimu wa dansi wenye mawigi wanaletwa, wote wanakanyagwa vidole. Mwishowe anayemfundisha ni mwanamke mfuaji nguo wa kasri, kwa siri, katika chumba cha kufulia, katikati ya mvuke na mashuka. Atamwoa nani hamhitaji kuambiwa.

Nakala ilikuwa imechoka. Ilinuka siki, dalili kwamba mkanda umeanza kuoza. Rili mbili za kwanza nikazitengeneza vizuri. Kwenye ya tatu, vidole vikakwama. Matundu yalikuwa yamechanika pande zote mbili, mfululizo, kiasi cha futi saba. Kuyatengeneza kulitaka kuyabandika tundu moja moja kwa utepe, kazi ya saa nne au tano. Mgongo ulikuwa unaniuma toka asubuhi. Nikaweka lenzi jichoni, nikatafuta mahali pazuri pa kukata, nikakata huku, nikakata kule, nikaunga. Futi saba ni sekunde zisizofika tano. Nani atajua? Zile bahasha zilikuwa hatua mbili nyuma yangu, na mimi nikaona uvivu kuinuka. Nikaukunja mkanda ule kiganjani, nikautia kwenye pipa la taka.

Jumapili mchana nilikuwa mlangoni nikisaidia watu, kama ilivyokuwa kawaida yangu kabla ya kupanda juu. Akaja mama mmoja wa Kiafrika, wa makamo, anasukuma kiti cha magurudumu. Kitini amekaa bibi wa Kizungu, mwembamba, amevaa koti la buluu na kupaka rangi ya mdomo iliyovuka midomo. Nikawashikia mlango, wakakwama kizingitini, nikainua magurudumu ya mbele.

"Aksanti, papa," yule mama akasema bila kufikiri.

"Wasema Kiswahili?"

Akacheka mpaka akakiachia kiti. Alikuwa anaitwa Mama Riziki, anatoka Uvira, Kongo, ambako baba ni papa na ndiyo ni njo, hana hata miaka miwili Marekani. Alikuwa akitunza wazee katika nyumba moja ya wazee huko Germantown. Siku ile haikuwa ya kazi kwake. Alijitolea tu kumleta bibi.

"Bibi huyu iko na miaka mingi anatafuta hii filme," akaniambia. "Dada yake iko ndani."

"Ndani ya filamu? Ni yule mfuaji nguo?"

"Hapana, si ule mukubwa. Iko na wengine nyuma, kwenye wanafula nguo. Anaimba yeye peke kidogo tu, kisha wote wanaitika."

Bibi akaona tunamzungumzia. Akanipa mkono. "Naitwa Trude," alisema kwa Kiingereza chenye lafudhi. "Dada yangu ni Anni. Utamwona karibu na kapu."

Nikamwambia karibu sana. Nikapanda ngazi nikiwa na furaha, wallahi, kwa kuwa nimempata mtu wa kuongea naye Kiswahili siku ya kazi. Sikuunganisha mambo. Mtu akikagua mkanda haoni hadithi, anaona kingo.

Hapa lazima niwaeleze kitu kimoja cha ufundi, la sivyo hamtaelewa kilichotokea. Katika mkanda, sauti imechapwa kama mstari pembeni mwa picha, lakini haikai sambamba na picha yake. Inatangulia kwa fremu ishirini, kwa sababu ndani ya projekta picha inamulikwa juu na sauti inasomwa chini yake. Kwa hiyo ukikata picha ya mtu anayeimba, hukati sauti yake yote. Mwanzo wa sauti, usiofika sekunde, unabaki kwenye mkanda uliotangulia.

Rili ya tatu ikaingia. Mvuke, mashuka, mfalme amevua viatu. Kamera ikamwonyesha mfalme akigeuza kichwa kama aliyesikia kitu, picha ikarukia wanawake wote, na juu yao ikasikika sauti ya msichana mmoja, nyembamba, safi, silabi mbili. Halafu mlio wa kiungo changu, tap, na tayari wanawake wote wanaimba pamoja.

Nikachungulia kwenye kidirisha. Chini gizani bibi alikuwa amesimama. Yule ambaye alihitaji watu wawili kumtoa kitini alikuwa amesimama, amenyoosha mkono kuelekea skrini, na Mama Riziki amemshika kiuno. Hapo ndipo nilipojua ni nini nilichokitupa. Projekta inaendelea, watu wanacheka, mfalme anakanyaga sabuni anaanguka. Na bado rili tatu nizionyeshe.

Filamu ilipokwisha nikashuka. Bibi alikuwa ukumbini, anaongea na meneja wetu.

"Kuna kipande kimekatwa," alikuwa anasema. "Nimemsikia. Nimemsikia akianza."

"Filamu za zamani hizi, bibi," meneja akasema kwa upole. "Zinatufikia zikiwa tayari na mapengo. Pole sana."

Meneja hakujua, wala hakudanganya. Aliyejua nilikuwa mimi, nimesimama hatua tatu kutoka kwao. Nikasema, "Pole, bibi," nikaitikia kwa kichwa kama mtu anayekubaliana. Nawaambia ukweli: kukata nimeshajisamehe. Kule kuitikia kwa kichwa, bado.

Walipoondoka nikakimbilia uchochoro wa nyuma. Gari la taka lilipita Jumamosi. Nikalipindua pipa kubwa, nikapekua maganda na magazeti ya siku moja, nimepiga magoti na suruali yangu ya kazi, nikijua kabisa kwamba hakuna kitu.

Siku tatu nilikaa na jambo hilo. Siku ya nne nikapanda treni mpaka mwisho wa reli, halafu basi, nikaenda Germantown. Ni mji wa nyumba mpya zilizopangwa kama meno, na ingawa jina lake maana yake ni mji wa Wajerumani, siku ile nadhani Mjerumani alikuwa mmoja tu.

Bi Trude alikuwa karibu na dirisha. Mama Riziki akaniletea kiti, akabaki mlangoni. Nikamwambia bibi yote: matundu, mgongo, bahasha, pipa. Sikuacha kitu. Alisikiliza akiwa ametazama mikono yangu.

"Zilikuwa sekunde ngapi?" akauliza.

"Sekunde kama nne na nusu."

"Ulizitazama kabla ya kuzikata?"

"Ndiyo. Kwa lenzi."

"Basi wewe ndiye mtu wa mwisho aliyemwona." Akasogea mbele kitini. "Niambie. Alikuwaje?"

Vijana, nimeulizwa maswali mengi maishani, ya polisi, ya uhamiaji, ya babu yenu mzaa bibi nilipokwenda kuposa. Hakuna lililonishinda kama hilo. Ningeweza kusema alikuwa mzuri, alikuwa anatabasamu. Nani angenisuta? Lakini nilikuwa nimeshamficha ukweli mara moja.

"Bibi," nikasema, "nilikuwa natazama matundu."

Akasubiri.

"Nakumbuka kitu cheupe. Aproni, au shuka. Na mdomo uliofunguka."

"Umefunguka sana?"

"Sijui, bibi. Umefunguka tu."

Kisha akageuza uso dirishani, akasema, "Nenda sasa, tafadhali."

Mama Riziki alinisindikiza mpaka kituo cha basi. Nilidhani atanigombeza. Badala yake akanisimulia. Bi Trude na Anni walikuwa Mayahudi wa Berlin. Mama yao alikufa mapema, na Anni, aliyemzidi mdogo wake miaka kumi na mitatu, ndiye aliyemlea, huku akiimba kwenye kwaya za sinema. Mambo yalipokuwa mabaya, Trude akiwa na miaka kumi na moja alitiwa kwenye treni ya watoto kwenda Uingereza. Anni alibaki na baba yao mgonjwa. Baada ya vita hakukuwa na baba, wala Anni, wala nyumba, wala picha hata moja.

"Mimi pia sina photo ya mama yangu," Mama Riziki akasema. "Tulikimbia na watoto na sufuria. Lakini uso yake naijua. Nikifunga macho, anakuja. Bibi yeye amesahau, papa. Miaka mingi imepita. Uso ya dada yake haiji tena. Njo maana alikuwa anatafuta ile filme."

Basi likaja. Nikapanda, nikakaa, na sikumbuki njia nzima ya kurudi.

Kuanzia wiki ile nikaanza kuandika barua. Filamu haiwi nakala moja tu duniani, hilo nilijua. Nikaziandikia hifadhi za filamu za nchi hii na hii, kwa Kiingereza changu cha kuokoteza, meneja akinisahihishia baada ya kumwambia ukweli. Nyingi hazikujibiwa. Nyingine zilijibu hatuna. Kila Jumatano, siku yangu ya mapumziko, nilikwenda Germantown kumpa bibi habari, hata kama habari yenyewe ni hakuna. Mara ya kwanza hakunipokea. Mara ya pili alinipokea akiwa amefumba macho. Mara ya tatu akaniuliza chai ya kwetu inatiwa nini, nikaanza kumletea kwenye chupa, yenye tangawizi na iliki. Hatukuwa marafiki, sitaki kuwadanganya. Alikuwa akinisubiri, ndiyo tofauti.

Baada ya miezi saba likaja jibu kutoka Ulaya. Wanayo nakala nyingine, mbovu kuliko ile yetu, lakini rili ya tatu ni nzima. Watatutolea kanda ya video ya kipande kile. Nikampelekea bibi ile barua akaishika. Majira ya baridi yalikuwa yameingia, kifua kimembana, haondoki tena kitandani. Mama Riziki aliniambia kwamba tangu siku ile, kila asubuhi bibi aliomba achanwe nywele.

Kanda ikafika Jumatatu. Niliomba ruhusa, nikakimbia nayo. Televisheni ikasukumwa mpaka kando ya kitanda, bibi akainuliwa kwa mito, Mama Riziki akazima taa kana kwamba tuko jumbani. Nikatia kanda, nikabonyeza.

Mistari ikaja. Mistari inayopanda na kushuka, na sauti kama ya ndege aliyebanwa mlangoni. Nikaitoa, nikairudisha, nikabonyeza tena, na wakati nabonyeza nilikuwa nimeshajua. Kanda za Ulaya na mashine za Marekani hazisomani. Kila fundi analijua hilo. Mimi nilikuwa fundi miaka ishirini, na katika barua zangu zote sikukumbuka kuandika sentensi moja: tutengenezeeni ya mfumo wa kwetu.

"Ni yeye huyo?" bibi akauliza, akitazama mistari.

"Bado, bibi," nikasema. "Nipe siku mbili."

Duka la kugeuza kanda lilinipa Alhamisi. Nikawaomba, nikawasihi, wakasema mashine ina foleni. Bi Trude alifariki Jumatano alfajiri. Mama Riziki alinipigia simu kunipa habari, nikasema, "Inna lillahi wa inna ilayhi rajiun," maana ndiyo maneno niliyokuwa nayo.

Alhamisi nikaichukua kanda hata hivyo. Mama Riziki akaja nyumbani kwangu Columbia Heights, na sare yake ya kazi chini ya koti, kwa sababu alikuwa na shifti jioni. Bibi yenu akatutengea chai, akatuacha sebuleni. Nikatia kanda.

Mvuke. Mashuka. Mfalme anageuza kichwa. Kisha akatokea Anni, silabi mbili zile mdomoni mwake.

Alikuwa msichana wa miaka kumi na minane hivi, amesimama karibu na kapu, aproni imelowa. Si mzuri sana. Pua yake ni ndefu, sikio moja limechomoza nje ya kitambaa. Anaimba mstari wake huku akikamua shuka, na katikati ya mstari maji yanamrukia usoni. Haikupangwa hivyo, inaonekana kabisa. Anashtuka, anataka kucheka, anajizuia, anamalizia neno la mwisho akiwa amebana kicheko. Wenzake wanaitika. Basi.

Mama Riziki alikuwa amefunika mdomo kwa mikono miwili.

"Njo yeye," akasema. "Angalia shingo. Bibi nikimulisha supu ya moto, njo vile alikuwa anafanya shingo. Njo vile vile."

Nikairudisha, tukaitazama tena. Mara hii sikutazama kingo wala matundu. Nilimtazama mtu.

Nyinyi mnaonisoma, najua hamtashika mkanda maishani mwenu. Picha zenu haziozi wala hazinuki siki, na mnazifuta kwa kidole. Sina wosia wa maana wa kuwapa. Niliambiwa kitu na mtu aliyejua kazi kunishinda, nikakiacha siku moja tu, kwa sababu ya hatua mbili na maumivu ya mgongo. Ndiyo yote.

Chai ilikuwa imepoa. Mama Riziki akatazama saa, basi lake lilikuwa karibu, lakini hakuinuka.

"Papa," akasema, "sasa duniani nani mwingine anamujua huyu mutoto?"

Nikafikiri. Bi Trude hakuwa na mume wala mtoto. "Mimi na wewe," nikamjibu.

Akavua koti, akaliweka juu ya mkono wa kochi, akasogeza kiti chake mpaka karibu kabisa na televisheni.

"Basi rudisha," akasema. "Tumuangalie muzuri."